Deraya ya Mtani

Kabla Mama Eufrasia Gama hajaingia vizuri ndani ya karakana, Fundi Kikoti alikuwa amekwisha kumtukana.

"Mngoni anakuja," alisema bila kuinua macho kwenye ngozi. "Ngoja nifiche nyundo."

"Ficha na akili kama unayo," mama alijibu kutoka mlangoni. "Babu yako alipokimbia aliiacha njiani. Babu yangu akaiokota, akaigeuzageuza, akaona haina kazi, akaitupa."

"Babu yangu hakukimbia. Alikuwa anatafuta mahali pazuri pa kuwazika ninyi."

Wateja watatu waliokuwa wakisubiri kwenye benchi walisogea pembeni. Mmoja, mwenye mabawa ya popo, alishika upanga wake akidhani vita vimeanza. Hawakuwa watu wa huku. Ngome Saba ulikuwa mchezo wa dunia nzima, na mtu wa mbali angejuaje kwamba Mhehe na Mngoni, ambao mababu zao walichinjana mpaka wakachoka, sasa ni watani? Mtani anakutukana na unacheka. Anaingia kwako, anabeba kuku wako, na ukikasirika wewe ndiye unayechekwa na kijiji.

Mama Eufrasia alikaa kwenye kigoda. Humu mchezoni jina lake lilikuwa Mkuki Mfupi, mwanamke mrefu mwenye mikono ya mpasua mbao, aliyeshinda mapambano hamsini na mawili kwa miaka minne. Nje ya mchezo alikuwa amelala kitandani Songea, umri miaka sitini na nne, kofia ya mchezo kichwani na fulana ya mapigo mwilini. Fundi naye alikuwa Iringa, mtaa wa Kihesa, amekaa kwenye stuli yake na glavu mikononi. Hawakuwahi kukutana ana kwa ana hata siku moja.

"Nimepata pambano na Jabali wa Lango la Kaskazini," alisema. "Alhamisi, saa nne asubuhi. Nataka deraya nyepesi ya daraja la tisini."

Fundi Kikoti aliweka chini msharasi wake wa kutobolea ngozi. "Jabali anavaa chuma mwili mzima. Vaa chuma na wewe."

"Nikivaa chuma nitakuwa mzito kama yeye, na yeye ana nguvu kunishinda. Kasi ndiyo silaha yangu. Unanishonea au niende kwa yule fundi Mkinga wa barabara ya pili?"

"Mkinga atakushonea gunia. Vua hiyo takataka, simama hapa."

*

Mpaka daraja la sitini, mtu yeyote anaweza kutengeneza deraya. Unakusanya ngozi na magamba, unabonyeza, mchezo unakutolea kitu kimekamilika. Kuanzia la sitini na moja ni mikono. Unachemsha ngozi ya kenge wa ukungu kwenye mafuta, na ukizidisha nusu dakika inakatika kama biskuti. Unapanga magamba ya kakakuona kwa kupishanisha ili pumzi iweze kupita. Unashona kwa kano za swala zilizopakwa nta, na kila tundu ulitoboe mwenyewe. Matabaka ni matano. Uzito wote usivuke kilo mbili, kwa sababu ukivuka hata kwa gramu moja mchezo unaihesabu deraya kuwa ya kati, na aliyeivaa ananyang'anywa kasi.

Halafu kuna suala la mapigo. Chuma kinazuia yote. Deraya nyepesi inazuia theluthi mbili, na theluthi inayobaki inapita, inasafiri mpaka kwenye fulana ambayo mchezaji ameivaa kitandani kwake, na fulana inampiga kweli. Watu walilalamika, serikali nyingi zikataka kuzipiga marufuku fulana. Mwisho zikaruhusu kwa sharti moja: kila deraya nyepesi ya daraja la juu iwe na mtu mwenye jina na anwani ambaye ameupima mwili wa mvaaji, mwili halisi ulioko chini ya fulana, na akagonga muhuri wenye neno moja, INAFAA. Mvaaji akiumia, wanaanza na mwenye muhuri. Polisi wanajua anakokaa.

Kwa hiyo fundi alipima. Aliweka kiganja mgongoni mwa Mkuki Mfupi, na glavu zikampelekea mgongo wa Songea, mwembamba, umepinda kidogo upande wa kulia. Akapima mbavu, bega, kwapa. Akaja mbele, akaweka kiganja juu ya titi la kushoto kusikiliza pumzi, kwa sababu tabaka la pili hukatwa kwa kufuata pumzi.

Moyo ulipiga mara mbili. Ukapiga tena mara mbili. Kisha ukanyamaza, kwa muda ambao mtu anaweza kumeza mate, halafu ukarudi kwa kishindo kama mtu aliyejikwaa.

Fundi hakuondoa mkono. Alisubiri, akitumaini ni glavu zimekosea. Mbili, mbili, kimya.

"Umeusikia," alisema Mama Eufrasia.

"Nimesikia nini?"

"Usinifanye mtoto, Mhehe. Hospitali wanaujua, wanangu wanaujua, na hii bangili waliyonifunga mkononi inalia kila nikipanda ngazi tatu. Sasa na wewe unaujua. Shona."

"Mama, pigo la Jabali hata likiwa theluthi..."

"Nimeendesha malori ya chai Mufindi miaka ishirini na nane," alimkata. "Matope, mvua, breki zimekufa, mlima uko mbele. Leo siruhusiwi kwenda dukani kununua chumvi. Wanangu walianza na jembe, eti litanichosha. Wakaja kwenye pikipiki. Wakaja kwenye ngazi, nikahamishiwa chumba cha chini. Wiki iliyopita binti yangu Editha aliniondolea kisu cha kumenyea viazi. Alhamisi nitasimama mbele ya mtu ambaye hajashindwa miezi minane. Sikuja kukuomba ruhusa. Nimekuja kushonewa."

Fundi alichukua tepe ya kupimia. Kilichobaki alikipima bila utani hata mmoja, na wateja wa kwenye benchi wakatulia, wakidhani sasa wamepatana.

*

Kesho yake mchana, akiwa Kihesa anakata kanda za ndala, simu ililia. Kazi ya ndala ndiyo iliyomlea. Aliacha shule darasa la sita akakaa kwa mjomba wake kushona viatu, na mikono ile ile ndiyo iliyompa jina mchezoni.

"Shikamoo, fundi. Naitwa Editha Gama, napiga kutoka Songea."

"Marahaba, binti."

"Nimeona jina lako kwenye simu ya mama. Najua unamshonea nini." Sauti yake ilikuwa ya mtu ambaye hajalala vizuri kwa siku nyingi. "Sikuombi ukatae. Ukikataa ataenda kwa fundi mwingine asiyemjali. Naomba umwongezee kitu ndani. Kitambaa, manyoya, mtajua wenyewe mnaita nini. Pigo lisifike."

"Deraya itazidi kilo mbili. Kasi itaondoka."

"Iondoke. Atashindwa, atanuna wiki moja, atakula, ataishi. Yeye hatajua."

Fundi alitazama ndala mkononi mwake. Ilikuwa ya mzee mmoja jirani mwenye kisigino kibovu, na ndani yake alikuwa amebandika kipande cha sponji ambacho mzee hakukiagiza. Hiyo ndiyo ilikuwa tabia yake. Wateja wangapi amewawekea soli ya ziada bila kuwaambia, na wote walirudi wakisifia viatu. Alikuwa anajivunia jambo hilo kimyakimya.

"Sawa," alisema.

Lakini deraya ya kweli alikuwa amekwisha kuianza, na mikono yake haikukubali kuiharibu. Aliimaliza. Kilo moja na gramu mia tisa na tisini. Ilikaa mkononi kama shati, magamba yakifunguka na kujifunga kwa kufuata pumzi ya mtu asiyekuwepo. Hakuwahi kutengeneza kitu kizuri kama kile. Akaitundika nyuma ya pazia, akatengeneza nyingine inayofanana nayo kila tundu na kila gamba, na katikati ya tabaka la tatu na la nne akapanga manyoya ya bundi mweupe, ambayo humeza pigo kama mchanga unavyomeza maji. Ziliongezeka gramu mia mbili. Ili zisijulikane mkononi, akachonga vifungo vikawa vyembamba na kupunguza mkanda, ingawa bado ilivuka kilo mbili.

Alifanya kazi hiyo kwa ustadi wote alionao. Hilo ndilo lililomuuma baadaye.

*

Alhamisi saa tatu asubuhi Mkuki Mfupi aliingia. Watu walikuwa wamejaa barabarani wakielekea uwanjani, ngoma zikisikika kwa mbali.

"Kamwene, Mhehe," alimsalimu kwa Kihehe. "Leo utaona jinsi watu wanavyopigana, si kukimbia."

"Kaa, nikuvishe."

Alimvisha deraya, akafunga vifungo. Mama alisimama, akazungusha mabega, akapiga hatua mbili mbele na moja nyuma. Akasimama tena. Uso wake haukubadilika.

"Umeweka nini?"

"Matabaka matano, kama ulivyoagiza."

"Fundi." Hakumwita Mhehe. "Nikikaa tu kwenye kiti cha lori najua kama huko nyuma wamepakia gunia moja zaidi. Umeweka nini?"

Fundi Kikoti alikuwa mzuri kwa matusi ya utani, kwa uongo hapana. "Manyoya ya bundi," alisema. "Usiumie."

Mama alianza kufungua vifungo kimoja kimoja, taratibu, kama anayevua nguo chafu.

"Ni Editha. Usinijibu, namjua mwanangu. Yeye simlaumu, yeye ni mtoto, anaogopa kubaki peke yake. Wewe je? Umenipima kwa mkono wako, nikakuambia kwa mdomo wangu. Ungekataa, ningekuheshimu. Ungesema, mama, mimi muhuri wangu siugongi, toka, ningetoka na kukutukana mpaka Songea na moyoni nikakusifu. Lakini umekubali, ukaniibia."

"Sikuiba kitu."

"Umeniibia pambano langu. Ningeingia mle ndani mzito, nikapigwa, nikarudi kitandani nikijiuliza mwili wangu umekuwaje. Ningeamini nimekwisha. Hilo ndilo ulilokuwa unanishonea." Aliitupa deraya yenye manyoya juu ya meza. "Yangu iko wapi?"

Macho ya fundi yalikwenda kwenye pazia kabla hajayazuia.

Mama alilivuta pazia. Aliitazama deraya iliyotundikwa pale, na kwa kitambo kidogo hasira ilimtoka, kwa sababu hata mtu asiyejua kazi angeona ile ni kazi. Akaishusha, akaivaa mwenyewe haraka haraka.

"Naichukua kwa utani," alisema. "Nenda kashtaki kwa babu yako."

Akatoka.

Ukutani mwa kila karakana kulikuwa na uso wa shaba ulioitwa Karani. Siku zote ulikuwa kimya. Sasa ulifungua macho.

"Fundi Sefania Kikoti. Kitu cha daraja la tisini kimetoka bila muhuri. Je, umeibiwa?"

Barabarani, walinzi wawili wa mchezo walikuwa wamekwisha kumzunguka Mkuki Mfupi. Fundi aliona mgongo wake tu. Sheria aliijua. Akisema ndiyo, deraya inarudi, mwizi anafungiwa siku saba, na pambano linapita akiwa ndani. Mama Eufrasia atavua kofia, atamkuta Editha na uji. Ataishi. Na hakuna atakayemlaumu fundi, maana ni kweli mtu ameingia, amebeba kitu na kuondoka nacho.

"Je, umeibiwa?"

"Hapana."

"Umeuza?"

"Hapana."

"Kimetokaje?"

"Kimechukuliwa na mtani wangu."

"Neno hilo halimo katika sheria za soko."

"Hiyo ni shida yenu."

"Kitu kisichoibiwa wala kuuzwa kimetolewa na fundi mwenyewe. Kikitolewa hugongwa muhuri. Gonga, au tangaza wizi. Una dakika mbili."

Hapo ndipo fundi alipojiona. Alikuwa amefurahi, ndiyo, kwa kitambo kifupi alikuwa amefurahi kwamba mama ameichukua kwa nguvu. Kesho, likitokea la kutokea, angesema alinyang'anywa, mila haziruhusu kukataa, yeye angefanyaje? Angejificha nyuma ya utani kama alivyojificha nyuma ya manyoya. Uso wa shaba, usiojua mtani wala babu, ulikuwa umemfungia mlango huo.

Alichukua muhuri na nyundo, akatoka nje.

"Wekeni mikuki chini," aliwaambia walinzi. "Mngoni, geuka."

"Umekuja kuninyang'anya?"

"Geuka, nimesema. Umevaa kama unavaa gunia la mkaa."

Mama aligeuka. Kifungo cha tatu cha upande wa kushoto kilikuwa kimeruka tundu. Fundi alikifungua, akakifunga upya, akaukaza mkanda chini ya mbavu. Kisha akaweka kiganja pale pale pa siku ile. Mbili, mbili, kimya.

"Moyo unasemaje?" mama aliuliza.

"Unasema wewe ni mbishi."

"Hilo hukuhitaji kupima."

"Ile nyingine nilikosea," alisema fundi. "Nilitakiwa nikuambie usoni kwamba naogopa. Naogopa hata sasa. Ukianguka mle ndani watakuja Kihesa kunichukua, na hilo si kitu. Mimi ndiye nitakayebaki najua mkono wangu ulisikia nini."

Mama Eufrasia hakutabasamu. "Mimi naogopa kufa nimekaa kwenye kiti cha chumba cha chini," alisema. "Kila mtu na lake. Gonga au usigonge, lakini amua wewe. Usimwachie huyo wa shaba."

Muhuri una neno moja, na neno lile linauliza swali moja tu: je, deraya hii inaufaa mwili huu? Haliulizi kama mwili uende vitani. Hilo fundi hajawahi kuulizwa, na alikuwa amejipa kazi ya kulijibu. Alitazama magamba yakifunguka na kufunga kwa pumzi ya mama, yakisita pale moyo uliposita, yakirudi pale uliporudi. Hakuna deraya katika ngome zote saba iliyomfaa mtu kuliko ile.

Akaweka muhuri begani mwa mama. Akapiga nyundo mara moja.

"Nenda," alisema. "Na ukishindwa usirudi kwangu, nenda kwa Mkinga."

*

Fundi alivua kofia yake ya mchezo. Iringa kulikuwa na jua na upepo, na harufu ya gundi ya viatu. Akatafuta namba ya Editha.

Editha alipokea kabla simu haijalia mara mbili. "Fundi. Umemvisha?"

"Nimemvisha ile nyepesi. Haina kitu ndani. Muhuri ni wangu."

"Tulikubaliana," alisema Editha.

"Tulikubaliana mambo ya mtu mwingine, wewe na mimi. Alijua alipoivaa tu. Nikamwomba radhi. Na wewe nakuomba radhi, kwa kukuahidi kitu ambacho hakikuwa changu."

"Yule ni mama yangu. Wewe unamjua kwenye michezo. Mimi ndiye ninayeamka bangili ikilia." Sauti ilianza kupanda. "Niko hapa mlangoni kwake sasa hivi. Waya wa umeme upo pale ukutani, naufikia kwa hatua nne. Nikiuchomoa yamekwisha."

"Ni kweli. Chomoa ukitaka, mimi niko Iringa, siwezi kukuzuia. Ila akivua kofia atakutazama, na wewe ndiye utakayekuwepo."

Fundi aliwasha skrini ndogo iliyokuwa juu ya meza, katikati ya ndala na makopo ya gundi. Uwanja ulikuwa umefurika. Jabali alisimama kama mlango wa benki, chuma kuanzia unyayoni, na mbele yake Mkuki Mfupi akicheza kwa miguu, deraya ikimeta kama mgongo wa samaki. Ngoma zilikatika. Jabali akazungusha rungu. Mkuki Mfupi aliukwepa mzunguko wa kwanza na wa pili. Wa tatu ulimgusa bega.

Kwenye simu alisikia pumzi ya Editha ikikatika, na nyuma yake, kutoka kitandani, sauti ya mwanamke mzee ikiguna. Kisha sauti ile ile ikacheka, kicheko kifupi kikavu cha dereva aliyepita kwenye shimo na gari bado linakwenda.

"Amecheka," Editha alinong'ona. "Fundi, anacheka."

"Nimemsikia."

"Bangili inawaka njano."

"Kaa naye. Mshike mkono. Ikiwaka nyekundu, ita gari la hospitali, usinisubiri mimi wala mtu yeyote. Lakini mpaka hapo kaa naye."

Fundi alisubiri hatua nne kuelekea ukutani. Alisikia viatu vikitembea, vikasimama. Akafumba macho. Halafu akasikia miguu ya stuli ikiburutwa juu ya sakafu ya saruji, polepole, mpaka karibu kabisa na kitanda, na kitu kikiwekwa juu ya kitu: labda ni skrini juu ya godoro.

Editha alipenga kamasi. "Mimi sijawahi kuangalia mambo haya," alisema. "Wanazunguka haraka. Mama ni yupi hapo?"

Fundi Kikoti alifumbua macho akatazama.

"Huyo anayemkimbiza mwenzake," alisema.